Mkono Uliochora Watoto wa Pipa la Taka

Mwaka 1985 watoto wa Marekani walianza kununua, kwa senti 25, pakiti ndogo yenye chingamu na kadi 5 za kubandika. Kila kadi ilikuwa na picha ya mtoto wa kutisha na kuchekesha kwa pamoja: huyu kamasi zinamtiririka, yule ana funza, na mwingine, aliye mashuhuri kuliko wote, amebonyeza kitufe na wingu la bomu la atomiki limempasua utosi. Huyo wa bomu aliitwa Adam, jina ambalo sisi tumezoea kulitaja kwa adabu. Twakiri kuwa hapo tulikunja uso.

Kadi hizo ni Garbage Pail Kids, yaani Watoto wa Pipa la Taka, na mfululizo wake wa kwanza ulichorwa wote na mtu mmoja, John Pound. Mwenye mali alikuwa kampuni ya Topps ya New York, ile ile ya chingamu ya Bazooka, ambayo mitaani kwetu imekuwa jina la chingamu yoyote ya kupuliza. Shabaha ya dhihaka ilikuwa wanasesere wa Cabbage Patch, ambao mwaka 1983 wazazi wa huko waliwagombania madukani kwa kusukumana.

Kila picha ilitolewa kwa majina mawili, na watoto wakatafuta majina yao na ya wenzao. Shule nyingi zilipiga marufuku kadi hizo. Hatuwalaumu walimu, jina la kejeli likishamganda mtoto darasani halibanduki kwa urahisi. Wenye wanasesere nao walikwenda mahakamani mwaka 1986, na shauri likaisha kwa suluhu, Topps ikikubali kubadili sura za watoto wake.

Hata hivyo, katika kelele zote hizo Pound hakutajwa. Jina lake halikuwamo kwenye kadi. Utaratibu wa kazi ulikuwa mchoraji kulipwa ujira wa picha, kisha picha, haki na faida hubaki kwa kampuni. Ukiitazama kazi yenyewe utaona si ya kubabaisha: rangi imelazwa kwa subira, mwanga unaanguka shavuni mwa yule mtoto wa bomu kama picha ya ukutani kwa tajiri.

Mmoja wa waliobuni kadi hizo, Art Spiegelman, aliyekuja kupata tuzo ya Pulitzer mwaka 1992, aliidai Topps kwa miaka mingi iwape wabunifu sehemu ya faida. Haikukubali. Mwaka 1989 ilipiga mnada michoro halisi iliyokuwa ghalani mwake, na Spiegelman akaondoka.

Wazazi hutuuliza kama kijana anayeshinda akichora ana riziki mbele yake. Swali hilo wengi hulijibu kwa kutazama uzuri wa mchoro. Sisi tungeomba kwanza tuoneshwe karatasi anayotiwa saini: picha inabaki ya nani baada ya malipo, na jina lake litaandikwa wapi?

Uuzaji wa kadi ulisimama Marekani mwaka 1988. Zilipofufuliwa mwaka 2003, Topps ilimhitaji tena Pound, naye akashika brashi.