Kipande cha Taya Nacho ni Ushahidi

Tendaguripterus recki ni mtambaazi arukaye aliyeishi kusini mwa Tanzania ya leo takriban miaka milioni 150 iliyopita, mwishoni mwa kipindi cha Jura. Kinachomtambulisha ni kipande kimoja cha taya la chini, pale pande mbili za taya zinapoungana, kikiwa na meno machache. Kipande hicho kilichimbwa Tendaguru, kilima kilicho kaskazini-magharibi mwa mji wa Lindi, katika msafara wa Wajerumani wa 1909 hadi 1913, ambao mamia ya wachimbaji na wapagazi wake walifanya kazi chini ya wasimamizi kama Boheti bin Amrani. Mizigo ilibebwa kichwani hadi bandari ya Lindi, ikapelekwa Berlin. Taya hilo likapewa jina mwaka 1999 na wataalamu wawili, David Unwin na Wolf-Dieter Heinrich.

Imeenea imani kwamba mnyama wa aina hii ni wa kubuni: wataalamu wameokota kipande cha mfupa, na yaliyobaki wameyajaza wenyewe. Wanaosema hivyo hujiona watu wa tahadhari wasiodanganywa kirahisi. Lakini tahadhari ya kweli huanza kwa kuuliza kipande chenyewe kinasema nini na kinaishia wapi, na swali hilo ndilo imani hii hailiulizi kamwe.

Watambaazi hao warukao, yaani terosauri, walikuwa jamaa wa karibu wa dinosaria bila kuwa dinosaria, na ndege hawakutokana nao. Bawa lao lilikuwa utando wa ngozi ulioshikiliwa na kidole cha nne cha mkono, kilichorefuka kupita kiasi. Ili mwili uwe mwepesi, mifupa yao ilikuwa na uwazi ndani, na ukuta wa mfupa mara nyingi ulikuwa na unene wa milimita moja hivi, pungufu ya ganda la yai la mbuni. Mfupa wa namna hiyo ukitupwa na mawimbi ufukweni au ukilaliwa na mchanga mzito, huvunjika na kubonyea. Tendaguru ya wakati huo ilikuwa pwani yenye vidimbwi vya maji ya chumvi na mafungu ya mchanga. Mapaja ya dinosaria wakubwa yalihimili hali hiyo. Mabawa ya terosauri hayakuweza. Kwa hiyo uchache wa mifupa yao unatokana na namna walivyoumbwa, na si dalili kwamba mtu amebuni kitu.

Wembamba huohuo ndio unaofanya kipande kizungumze. Mfupa mrefu, wenye uwazi mkubwa na ukuta mwembamba namna hiyo, hauwezi kuwa wa mamba, wa kasa wala wa dinosaria wa Tendaguru aliyekuwa na uzito wa tani nyingi. Mfupa wa mkono wa juu una ukingo mpana ambapo misuli ya kurukia ilijishika, na umbo la ukingo huo hutofautiana kutoka ukoo hadi ukoo. Mwaka 2009 Fabiana Costa na Alexander Kellner walichunguza mifupa miwili ya aina hiyo kutoka Tendaguru, na kwa umbo hilo wakaweza kusema ni ya ukoo gani. Taya nalo lina lake la kusema: jinsi pande zake zilivyoungana, upana wake, ukubwa wa meno na nafasi iliyopo kati yake. Mtaalamu hulinganisha hayo na viumbe ambao mifupa yao imepatikana ikiwa kamili, kama Pterodactylus na Rhamphorhynchus wa mawe ya chokaa ya Solnhofen, Ujerumani. Bila mifupa hiyo kamili, taya la Tendaguru lingekuwa bubu, na hilo halina budi kukubaliwa. Lakini mifupa hiyo ipo, tena kwa wingi.

Hoja nzito zaidi dhidi ya vipande ni kwamba vimewahi kuwapotosha wataalamu, na ni kweli vimewapotosha. Hans Reck, mwanajiolojia aliyeongoza msafara huo wa Wajerumani katika kipindi chake cha mwisho, mwaka 1931 alitoa majina ya aina kadhaa za terosauri, miongoni mwao Rhamphorhynchus tendagurensis na Pterodactylus maximus, kwa kutegemea mifupa ya viungo iliyotengana. Unwin na Heinrich walipoirudia mifupa hiyo, waliona haina alama za kutosha kutenganisha aina moja na nyingine, wakayaweka majina hayo kando kuwa ya mashaka. Yaani watu walewale waliotoa jina jipya kwa taya moja ndio waliokataa majina ya zamani yaliyojengwa juu ya mifupa isiyojitosheleza. Anayedai kwamba wataalamu hukubali kila kipande hajatazama walichokikataa.

Mfano wa Jordan ni mkali zaidi. Mwaka 1959 Camille Arambourg alieleza mfupa mrefu uliopatikana huko, akadhani ni mfupa wa bawa. Mwaka 1975 Douglas Lawson, aliyekuwa amevumbua terosauri mkubwa huko Texas, alionyesha kwamba mfupa ule ni pingili ya shingo. Kosa lilikuwa kubwa, lakini halikusahihishwa na mtu aliyesema "ni kipande tu". Lilisahihishwa na mtu aliyekuwa na vipande vingine vya kulinganisha. Lawson mwenyewe, kwa kupima mifupa ya bawa moja lisilokamilika la mnyama wake, Quetzalcoatlus, alikisia upana wa mabawa wa mita 15.5, huku akitaja pia uwezekano wa 11 na wa 21. Leo makadirio ni mita 10 hadi 11. Makisio yalipunguzwa kadiri mifupa ya jamaa zake ilivyoongezeka, na mtu anayebuni angekuwa na kila sababu ya kuendelea na mita 21.

Lawama ya haki iko penginepo. Picha za rangi katika vitabu na makumbusho humwonyesha mnyama akiwa na ngozi, macho, kilemba na mwendo, bila kumwambia mtazamaji kwamba kilichopatikana ni taya peke yake. Rangi hazimo katika taya, wala sauti, wala urefu kamili wa bawa. Hata ukoo wa Tendaguripterus bado unabishaniwa: waliompa jina walimweka karibu na Germanodactylus wa Ujerumani, na wengine hawakukubali. Picha kama hizo zingepaswa kutia kivuli kwenye sehemu zote za kukisia. Lakini kosa la mchoraji si kosa la mfupa.

Gharama ya imani hii ni kubwa kuliko inavyoonekana. Terosauri kamili hupatikana katika sehemu chache zenye mawe ya pekee, kama Solnhofen, Liaoning nchini China, na Chapada do Araripe nchini Brazili. Likikubaliwa tu lile lililo kamili, terosauri wa Afrika ya kipindi cha Jura watafutika karibu wote, na ramani itadai kwamba viumbe hao hawakuruka juu ya bara hilo. Vipande vya Tendaguru vinakanusha hilo. Mjadala wa Watanzania kuhusu kurudishwa kwa mabaki yaliyoko Berlin kwa kawaida huhusu yule dinosaria mkubwa, maarufu kama mjusi, aliyesimamishwa katika ukumbi wa makumbusho huko mwaka 1937, mwenye kimo cha zaidi ya mita 13. Madai yakitimizwa siku moja, orodha ya vitu vinavyodaiwa inapaswa kutaja pia taya hilo dogo na mifupa ya mabawa iliyovunjika, kwa namba zake, kama inavyotajwa mifupa ya mjusi.