Watoto wa Minnesota wataijua njia ya Nyamira?

Ukitoka Kisii mjini kuelekea Keroka au Nyamira, utaona majumba yenye lango kubwa na madirisha yasiyofunguliwa. Mwenyewe yuko Minnesota. Anayelala humo ni mlinzi, na nje ya ua ndugu zake wanabanana kwenye kashamba kalikobaki ka baba yao.

Kwetu, ukisikia majuu, mara nyingi ni Minnesota. Huko Brooklyn Park, kando ya Minneapolis, Mgusii hapotei. Kuna ibada za SDA kwa Ekegusii, kuna michango ya kurudisha maiti nyumbani, na wengi huanza na kazi ya kutunza wazee na wagonjwa. Mmoja alitangulia, akamvuta ndugu, ndugu akamvuta shemeji. Novemba 2024 Huldah Momanyi-Hiltsley, mzaliwa wa Nyamira, alichaguliwa kuingia Bunge la Wawakilishi la jimbo hilo, nasi tukasherehekea kana kwamba tumepata MCA. Lakini tuambiane ukweli, yeye ni wa wapiga kura wa Brooklyn Park. Hatatuletea lami.

Kinachotufikia ni pesa. Mwaka 2024 Wakenya walio ng'ambo walituma nyumbani karibu dola bilioni 4.9, zaidi ya nusu kutoka Marekani. Tangu Januari 2026 Marekani inatoza asilimia 1 ukituma kwa pesa taslimu. Ukitumia akaunti ya benki au kadi ya huko, umeponea. Watu walipiga kelele sana juu ya hiyo ushuru. Mimi hainikoseshi usingizi. Kinachonitisha ni umri wa anayetuma.

Manake aliyeondoka miaka ya 90 sasa anakaribia kustaafu. Anatuma kwa sababu alisomeshwa kwa harambee na mama yake bado yuko kijijini. Mtoto wake aliyezaliwa huko hana deni hilo. Anamjua nyanya kwa simu ya video, anajibu "mbuya mono", na Ekegusii inaishia hapo.

Wenzetu wa Wales walipitia njia hiyo. Walienda Pennsylvania kuchimba makaa ya mawe, wakajenga makanisa yao na kuomba kwa lugha yao. Leo wajukuu wamebaki na majina tu, na hakuna anayetuma karo kijijini Wales.

Tofauti ni kwamba hapa kwetu kuna shamba. Katiba ya 2010 inamtambua aliyezaliwa ng'ambo kuwa raia, mradi mzazi wake mmoja alikuwa raia wa Kenya wakati huo. Kwa hivyo siku moja mtoto wa Minnesota atashuka na pasipoti mbili kuulizia jumba la babake. Hati ya shamba huenda bado iko kwa jina la babu, na binamu wamelima hadi mlangoni. Binamu huyo ni wewe, na hata salamu hamjawahi kuandikiana.