Akiba Haiozi, Lakini Inahitaji Mlinzi



Wahenga walisema akiba haiozi. Walisema kweli, ila hawakusema kwamba haiibwi. Juma hili napenda tutafakari habari ya Chad, kwa sababu nawasikia wengi, wakiwemo wasomi wetu, wakijifariji kwamba mafuta ya Uganda na gesi ya Tanzania havitatudhuru kwa kuwa sheria nzuri zimekwisha kutungwa. Faraja hiyo ni ya hatari, nami naipinga waziwazi.

Chad nayo ilikuwa na sheria nzuri. Mwaka 1999, Benki ya Dunia ilipoombwa kusaidia ujenzi wa bomba la kilometa 1,070 kutoka Doba hadi pwani ya Kameruni, nchi hiyo ilitunga sheria iliyosifiwa kila mahali. Asilimia 10 ya mrabaha na gawio iwekwe kwa ajili ya vizazi vijavyo. Sehemu kubwa ya kilichobaki iende kwenye elimu, afya, maji na maendeleo ya vijijini. Asilimia 5 irudi kwa wenyeji wa Doba. Mafuta yakaanza kusafirishwa mwaka 2003. Mwanzoni mwa 2006, kabla hata ya miaka mitatu kutimia, sheria ikabadilishwa: mfuko wa vizazi vijavyo ukafutwa, na usalama ukaongezwa katika sekta za kipaumbele. Benki ya Dunia ikasitisha mikopo yake. Mwaka 2008 Chad ikalipa deni, na Benki ikajitoa.

Tazameni vizuri jambo hili. Ghala lile lilikuwa na mlinzi mmoja mwenye nguvu, naye alikuwa mdai. Deni lilipolipwa, mlinzi akaenda zake. Mwananchi hakuwahi kukabidhiwa ufunguo.

Wako wanaojibu kwamba nchi maskini haiwezi kuweka akiba wakati watoto wake wana njaa. Hoja hii ina uzito. Si kosa kutumia fedha ya mafuta leo kujenga shule na zahanati. Mtoto aliyesoma naye ni akiba. Lakini sekta iliyoongezwa Chad mwaka 2006 haikuwa chakula cha watoto. Njaa hutajwa mlangoni, kisha bunduki ndizo zinazoingia ndani.

Wala hawakuishia hapo. Mwaka 2014 serikali ilikopa zaidi ya dola bilioni moja kutoka kampuni ya Glencore, ili inunue hisa za Chevron katika visima vya Doba, na deni lilipwe kwa mafuta. Katikati ya mwaka huo pipa moja liliuzwa kwa zaidi ya dola 100. Mwanzoni mwa 2016 bei ilishuka chini ya dola 30. Deni halikushuka pamoja nayo. Mwaka huo huo walimu na watumishi wa umma waligoma wakidai mishahara yao. Mwalimu asiyewahi kuona kisima cha mafuta ndiye aliyelipia kuanguka kwa bei.

Yosefu alipomshauri Farao, hakungoja Misri itajirike kwanza. Aliagiza itengwe sehemu moja ya tano ya mavuno, kwa kuwa alijua neema ina mwisho. Sisi tuna sababu kubwa zaidi ya kufanya hivyo, maana bei ya mafuta haitwambii miaka ya neema itakuwa mingapi.

Norway iligundua mafuta yake makubwa mwaka 1969, ikatunga sheria ya mfuko mwaka 1990, na kuweka fedha ya kwanza mwaka 1996. Mwaka 2001 walikubaliana kutumia takriban asilimia 4 tu ya mfuko kila mwaka, na mwaka 2017 wakapunguza hadi 3. Lakini siri yao haimo katika asilimia hizo. Mnorway bado analipa kodi kubwa, na kwa hiyo anauliza. Serikali inayoishi kwa kodi hulazimika kumsikiliza mlipa kodi. Inayoishi kwa kisima humsikiliza mnunuzi wa mafuta.

Mwaka 2015 Uganda na Tanzania zilitunga sheria za kusimamia mapato haya, kila nchi na mfuko wake. Bomba la kilometa 1,443 kutoka Hoima hadi Chongoleani, Tanga, linatufunga pamoja katika jaribu moja. Sheria hizo naziheshimu. Lakini kilichopitishwa na Bunge katika kikao kimoja chaweza kufutwa katika kikao kingine, ikiwa nje ya ukumbi hakuna anayetazama.

Basi, bajeti inaposomwa mwezi Juni, tuwaulize wabunge wetu maswali manne. Mfukoni kimeingia kiasi gani? Kimetoka kiasi gani? Kimefanya kazi gani? Na je, kuna mkopo uliochukuliwa kwa dhamana ya mafuta au gesi ambayo bado iko chini ya ardhi? Mbunge asiyeweza kujibu, aulizwe tena hadi ajibu.

Mali bila daftari hupotea bila habari. Sisi daftari tunalo. Linalotakiwa sasa ni wasomaji.