Waindonesia hawakuliacha jukwaa tupu

Mzazi anapoizima televisheni kwa hasira mbele ya wanawe, aghalabu hurudi kwenye shughuli zake bila ya kuwapa kingine cha kutazama. Wenzetu wa Indonesia, nchi yenye Waislamu zaidi ya milioni 200, walikutana na mtihani huu zamani.

Mwaka 1975, katika mji wa Semarang kisiwani Java, mwalimu wa kisomo cha Qur'ani, Haji Mudrikah Zain, aliwakusanya wanafunzi wake tisa wa kike akaunda kikundi cha kaswida kiitwacho Nasida Ria. Walianza kwa matari, kisha wakaongeza kinanda, fidla na magitaa, huku wakiwa wamejisitiri kwa hijabu. Mashairi yao hayakuishia kwenye sifa za Mtume (S.A.W.). Waliimba juu ya amani, juu ya mabomu ya nyuklia, hata juu ya mashine zitakazomnyang'anya mwanadamu kazi yake. Na hilo waliliimba katika miaka ya 1980! Mwaka 2022 kikundi hicho kilialikwa kuimba katika maonyesho makubwa ya sanaa mjini Kassel, Ujerumani.

Kabla yao, Rhoma Irama aliuchukua muziki wa dangdut, ngoma ya watu wa tabaka la chini yenye mchanganyiko wa Kimalei, Kihindi na Kiarabu, akaufanya mimbari ya kukemea kamari na ulevi. Alipokipigia debe chama cha Waislamu katika uchaguzi wa 1977, utawala wa Suharto ukamfungia milango ya televisheni ya taifa kwa miaka kadhaa. Kanda zake ziliendelea kununuliwa.

Najua wako wanazuoni wasioruhusu ala yoyote isipokuwa dufu, nami sina elimu ya kuwahukumu. Aliyeishika rai hiyo na aishike. Namuuliza tu: hilo dufu analiruhusu kwa nani, na lini?

Si yote ya huko ya kuigwa. Televisheni ya kwanza ya binafsi ilipoanza mwaka 1989, wafanyabiashara waliingia kwa kasi, na Ramadhani ikageuka msimu wa matangazo. Katikati ya miaka ya 2000 zilivuma tamthilia za maiti za wenye dhambi zinazopatwa na maajabu ya kutisha kaburini. Huko ni kuuza hofu, na sioni haya kusema kwamba daawa haimo. Na mwaka 2003 Rhoma alipomkemea hadharani mwimbaji Inul Daratista kwa mchezo wake wa kuzungusha kiuno, makemeo yale yalimzidishia Inul umaarufu.

Tulinganishe hilo na Habiburrahman El Shirazy, aliyesoma Al-Azhar. Badala ya kukemea filamu za wengine alikaa akaandika riwaya, iliyotoka mwaka 2004, ya mwanafunzi wa Kiindonesia mjini Cairo. Filamu yake ya mwaka 2008 ilitazamwa na watu zaidi ya milioni tatu.

Sisi wa pwani hatuko mbali nao. Wahadhrami waliopeleka udi wao mdogo, gambus, hadi Java ndio hao hao waliofika Lamu, Unguja na Ngazija, ambako chombo hicho kinaitwa gabusi. Sauti nzuri zimejaa madrasa zetu. Husikika siku ya Maulidi, watu wakasifu, wakala biriani, kisha matari yakarudishwa kabatini hadi mwaka mwingine.