Wimbo Wenu wa Harusi Umegoma Kufunguka?

Siku hizi wapo maharusi wasiotaka kuingia ukumbini kwa wimbo wa watu wengine. Wanataka wa kwao, wenye majina yao ndani. Raha kweli! Ila kuna kaugomvi kanakoanzia studio na kuishia kwenye mapenzi, na leo tukamalize.

Tuseme bwana harusi yuko Dar, bibi harusi kwao Umwe, pale Ikwiriri, Rufiji. Biti imepikwa Dar kwenye FL Studio mpya kabisa. Sauti za mama na mashangazi zinarekodiwa Umwe, kwenye kistudio cha shemeji chenye kompyuta ya kitambo na FL Studio 12. Faili linatumwa, shemeji analibonyeza, programu inalalamika. Ikifungua, ngoma zipo, kinanda hakipo. Mjini wanasema, "Shemeji hajui kazi." Umwe wanajibu, "Wametutumia kitu kibovu makusudi." Zimebaki wiki tatu, na wachumba wamenuniana!

Jamani, hapo hakuna mbaya. Toleo jipya husoma kazi za zamani kwa sababu walioliunda walishazijua. La zamani litajuaje vitu vilivyobuniwa baada yake? FL Studio iliruka kutoka 12 hadi 20 mwaka 2018, na imeongezewa mambo kibao tangu hapo. Kwa Ableton Live ndiyo usiseme: toleo la nyuma halifungui kazi iliyohifadhiwa kwenye toleo la mbele.

Na usikimbilie kumwambia shemeji, "Si uweke mpya tu?" Ni kweli aliyenunua FL Studio hupewa matoleo mapya bila kulipa tena, lakini huenda kompyuta yake haiwezi kuyabeba. Kauli hiyo mbele ya mashangazi inauma kuliko unavyodhani.

Dawa ni hii: aliye na toleo jipya ndiye arudi nyuma. Kama Umwe wanaingiza sauti tu, prodyuza wa Dar atoe biti nzima kama faili moja la WAV, basi. Kama shemeji ataongeza au kupunguza vyombo, kila chombo kitolewe peke yake: ngoma, besi, kinanda. Mafaili yote yaanzie sekunde ya sifuri, hata kama chombo kinaingia katikati ya wimbo, na spidi ya biti iandikwe pembeni. WAV haina habari na toleo. MIDI isikudanganye, hiyo hubeba noti, siyo mlio wenyewe.

Shemeji akimaliza, arudishe WAV za sauti peke yake, nazo zianzie sifuri. Kuchanganya kufanyike Dar kwenye faili lile lile la mwanzo. Bando likiwa dogo, flashi inapanda basi.

Na kabla ya kulipa hata advansi, ulizeni pande zote mbili: "Mnatumia toleo gani?" Swali la nusu dakika tu.

Nyumbani nako ni hivyo hivyo. Mmoja akitangulia kwa mshahara au kwa mji, asimcheke aliyebaki nyuma. Ampelekee kitu anachoweza kukifungua.

Pendaneni, tukutane mwezi ujao!