Mapenzi Yasiyotimiza Juma

Twasikia vijana wakiwapima wachumba wao kwa Jack na Rose wa sinema ya Titanic ya mwaka 1997. Hatuilaumu yote: Rose amkataa tajiri aliyetakwa na mamaye, na hilo ni jema. Lakini na tuhesabu siku. Meli ile iling'oa nanga Southampton tarehe 10 Aprili 1912, ikazama usiku wa kuamkia tarehe 15. Mapenzi yao hayakutimiza juma moja! Jack alikufa kabla ya kuuguza mtoto, kabla ya kununa, kabla ya kuzeeka. Nani asiyependeka kwa siku chache?

Huku kwetu Chumbi, mtu na mkewe hukaa katika dungu wakilinda mpunga, ndege mchana, nguruwe usiku. Rufiji ikifurika na kuuchukua, hupanda tena. Amwachaye mwenzi wa namna hii kwa kukosa maneno matamu, amemlinganisha mtu hai na kivuli.

Wazazi, msiwafukuze watoto penye sinema. Ketini nao, kisha waulizeni: Je, Jack angalipona, mwaka wa kumi ungalikuwaje?