Madai Kinzani Nayo Yasikilizwe
Wapo askari wenzetu wanaodhani kwamba uamuzi wa msuluhishi haugusiki. Sivyo. Tuseme mfanyabiashara wa Jinja anamdai askari mstaafu wa Mbale bei ya mahindi, naye mstaafu anatoa madai kinzani: mahindi yalifika yameoza, na pensheni yake imeteketea. Msuluhishi akiyatupa madai hayo bila kuyasikiliza, Sheria ya Usuluhishi na Upatanishi ya mwaka 2000 inampa mstaafu mwezi 1, tangu kuupokea uamuzi, aiombe Mahakama Kuu iutengue. Asichelewe! Hata hivyo, jaji hatayapima mahindi upya. Naona mpaka huo ni wa haki, kwani aliyemkubali msuluhishi alikubali pia kwamba huenda akakosea, ila hakukubali kunyamazishwa. Kosa la hesabu tu hurudishwa kwa msuluhishi mwenyewe alirekebishe.